Chai Katika Kiganja cha Kushoto

Bula Pesa, Isiolo
20 Aprili 1989

Kwa Eedo Habibo, shangazi yangu niliyekuona mara ya mwisho nikiwa darasa la pili,

Assalaam aleikum. Sisi tunamshukuru Mungu. Tumefunga, na jua la huku nalo limetufunga. Ayeeyo, mama yako, ni mzima isipokuwa goti. Baba amerudi kutoka Moyale na lori lililovunjika springi, kwa hivyo siku hizi hasemeki. Mama anauliza kama huko London mnapata tende. Mvua imenyesha Meru. Sisi tuliona mawingu tu, yakatupita kama wageni wanaoenda kwa jirani.

Barua yako Baba aliifungua kwanza, samahani, bahasha zote hupitia kwake. Alipofika pale uliposema unachunguza maisha ya wanawake wa kasri la Addis Ababa, zamani za wafalme wa Uhabeshi, alicheka mpaka akakohoa. Akasema, "Dada yangu anasoma wanawake wa wafalme badala ya kuwa mwanamke wa mtu." Mama akamwambia, "Guleid, umefunga, na mdomo nao ufunge." Ayeeyo alikuwa anachambua mchele. Hakucheka. Alichukua sinia lake akaenda kukaa nje, juani.

Umesema nikuandikie Kiswahili, kwa sababu Kiingereza unakisikia kutwa na Kisomali chetu hukufundishwa kukiandika. Sawa. Kiswahili chetu cha Isiolo unakijua, usikisahihishe. Pia umesema nikuambie jambo lolote linalonisumbua. Eedo, mimi mbele za watu maneno hunikimbia kama mbuzi walioona fisi. Kwenye karatasi yanarudi zizini. Basi nakuambia hili, na usimwambie mtu.

Wiki iliyopita wakaguzi walikuja shuleni. Mwalimu Gaceri alinichagua niwapelekee chai kwa sababu eti nimetulia. Nikamimina tone kwenye kiganja changu cha kushoto, nikalinywa, halafu ndiyo nikawapa kikombe. (Mungu anisamehe, nilisahau hata kwamba nimefunga.) Darasa zima likaangua kicheko. Mwalimu akaniambia, "Asho, wewe ni paka?" Tangu siku hiyo nikipita wananilialia nyau. Na maalimu wa madrasa aliposikia alinichapa, maana kunywa kwa mkono wa kushoto ni kazi ya shetani.

Lakini Eedo, si ndivyo tunavyofanya nyumbani? Ayeeyo hampi mtu maziwa wala chai kabla hajaonja kiganjani. Saa ya kufuturu yeye ndiye wa kwanza nyumba nzima, na majirani humcheka kwamba mwanamke mzee ana njaa kushinda watoto. Mimi nilifikiri dunia yote inafanya hivyo. Hii tabia tuliitoa wapi? Ni ya watu wa Berbera, ule mji wa Wasomali kule pwani, kwao Ayeeyo?

Ukijibu, andika kwa sanduku la posta la baba yake Kinanu, rafiki yangu. Ni mzee Kaberia, muuza miraa. Yeye hafungui barua za watu, anafungua magunia tu.

Mimi,
Asho


London
14 Mei 1989

Asho, Eedo yangu,

Nakuita kwa jina unaloniita, kama anavyofanya Hooyo, mama yangu. Yeye anakuita Ayeeyo na wewe unamwita Ayeeyo, mpaka mgeni hajui nani ni nyanya wa nani. Waaleikum salaam. Idd njema ingawa imepita. Mimi ni mzima, chumba changu kina dirisha moja linalotazama ukuta. Tende zipo, ghali, na kavu kama maneno ya kaka yangu.

Barua yako niliisoma kwenye ngazi za maktaba na nikalazimika kukaa chini. Sikiliza. Wiki iliyotangulia nilikuwa nasoma maelezo ya Mzungu mmoja aliyealikwa karamuni kwenye kasri lile. Anaeleza mavazi, mishumaa, farasi. Halafu, kwa mstari mmoja tu, anasema kwamba msichana mmoja alimimina pombe ya asali katika kiganja cha kushoto, akainywa, ndipo akampa bibi yake kikombe, kuonyesha kwamba hakina sumu. Kushoto, kwa sababu kulia ameshika chombo. Nilinakili mstari ule kama ninavyonakili mingine. Sikuona kitu. Mimi, Asho! Niliyelelewa na kiganja hicho! Imebidi mtoto wa kidato cha pili aliliwe nyau ndipo nifumbuke macho.

Nakuambia neno ambalo sijamwambia mtu. Mwaka wa themanini na mbili nilipita Berbera, nikatafuta ukoo wa Hooyo. Nilitaja majina yote anayoyataja. Walinikaribisha, walinilisha samaki, na hakuna aliyewahi kumsikia. Wala hakuna aliyeonja kiganjani. Nilirudi nikanyamaza.

Unajua kinachonikosesha utulivu katika kazi hii? Wanawake waliotumika kasrini wote wameandikwa hivyo hivyo: "msichana mmoja", "mtumishi mmoja". Farasi wana majina, wao hawana. Niliapa kwamba katika maandishi yangu sitaandika "msichana mmoja" hata mara moja.

Muulize Hooyo. Polepole, kwa upole wako ule ule. Mimi akisikia sauti yangu atafunga mlango.

Eedo yako,
Habibo


Isiolo
2 Julai 1989

Eedo mpendwa,

Salaam nyingi. Mama ana mafua. Lori limepona, Baba bado. Yule mama wa Biliqo anayetuletea maziwa ya ngamia amemwoza binti yake, tukala nyama siku mbili.

Nimeuliza. Nimeuliza vibaya. Nilikuwa nimejipangia maneno njia nzima kutoka shule, niseme kwanza hili, halafu lile. Nilipofika nikamkuta Ayeeyo anamimina maziwa, na yote yakanitoka kwa mpigo: "Ayeeyo, ulikuwa kwa mfalme wa Uhabeshi?"

Mkono wake ukasimama. Maziwa yakaendelea kumwagika.

"Nani anauliza?"

"Mimi."

"Wewe huulizi. Wewe hata chumvi unaogopa kuuliza. Nani anauliza?"

Nikasema ni wewe. Samahani. Akafuta meza taratibu, akasema, "Mwambie mama yake ni wa Berbera. Babu yake wa huko alikuwa mfanyabiashara wa kondoo. Akitaka kuandika, aandike kondoo."

Tangu siku hiyo, Eedo, haonji. Anaweka kikombe mbele ya mtu na kuondoka. Huwezi kuamini ilivyo. Jioni ya kwanza Baba alikaa na chai yake akiitazama tu. Akamuuliza Mama, "Chai ina nini leo?" Mama akasema, "Ina chai." Akaizungusha, akainusa, mwishowe akaiacha ikapoa na kwenda kunywa hotelini. Hajui mwenyewe kwa nini. Nyumba nzima tuna kiu na hatunywi.

Mimi ndiye niliyeharibu. Usiku sipati usingizi, mchana sipati mahali pa kukaa. Nikiwa nyumbani nataka kutoka, nikitoka nataka kurudi nione kama ameonja.

Niache kuuliza?

Asho


London
30 Julai 1989

Eedo yangu,

Poleni na mafua, hongera kwa nyama. Huku ni kiangazi, maana yake mvua ni ya uvuguvugu.

Usimsukume. Lakini usiache. Yule mama aliyekataa kujibu tayari amejibu, na wewe umeliona hilo, ndiyo maana hulali. Kaa karibu naye. Unampaka mafuta nywele kila Ijumaa, sivyo? Paka, nyamaza. Kunyamaza ni kipaji chako, wengine tumesomea miaka hatukukipata.

Kuna kitabu chuo kinachapisha mwanzoni mwa mwaka ujao, mimi nina sura moja ndani yake. Nataka sura hiyo iwe yake. Iwe na jina lake. Nikifa nimefanya hilo tu, inatosha. Na wewe ukimaliza kidato cha nne nataka uje huku usome, nimeshaanza kuulizia.

Kaka yangu bado ananitaja? Usijibu.

Habibo


Isiolo
5 Novemba 1989

Eedo Habibo,

Assalaam aleikum. Najua umengoja sana. Kwanza kulikuwa na mtihani, halafu kulikuwa na mimi mwenyewe, kila nikishika kalamu naiweka. Wote wazima. Kinanu amenyoa nywele zote, anafanana na yai, na anajiona.

Ayeeyo amesema. Sikumuuliza, wallahi. Yeye ndiye aliyeniuliza.

Ijumaa moja alinituma nimpelekee jirani maziwa, akanitazama mlangoni. Nikampa jirani chombo hivi hivi, sikuonja, maana nilishaacha kwa ajili ya kelele za nyau. Niliporudi kumpaka mafuta akasema, "Nani amekukataza?" Nikamwambia: mwalimu, wasichana, maalimu na fimbo yake. Akacheka kidogo. "Mimi nilifundishwa kwa fimbo," akasema, "na wewe unakatazwa kwa fimbo. Fimbo haina kazi nyingine?"

Halafu akaanza, akiwa amenipa mgongo, kichwa chake mikononi mwangu. Naandika kama alivyosema.

"Nilikuwa mdogo, meno ya mbele yametoka mengine hayajaota. Mkubwa wa nchi yetu huko kusini alipeleka kodi kwa mfalme: ng'ombe, asali, na wasichana. Mlangoni palikuwa na mwanamke mnene. Akaniuliza jina, nikamwambia. Akasema ni gumu, akanipa lingine, kama mtu anayebadilisha kiatu. Nikawekwa nyuma ya bibi mmoja, si mke wa mfalme, jamaa yake tu. Kila kilichoingia kinywani mwake kilipita kwangu. Watu walifikiri ninashiba. Kuonja si kula, Ayeeyo. Ukila, ulimi unafurahi. Ukionja, ulimi unafanya kazi, na tumbo linakaa kungoja kuambiwa kama utaishi."

Nikamuuliza kama bibi alikuwa mbaya.

"Alikuwa mtu. Akiumwa na kichwa alilala mapajani mwangu. Nilijua akipenda na akichukia, kabla yeye hajajua. Siku Waitaliano walipokaribia, wakubwa walipanda gari moshi. Sisi hatukuambiwa. Nilikimbia mpaka stesheni na chupa ya maji yake, maana bila mimi atakunywa nini? Nilimwona dirishani. Hakugeuka. Gari moshi likaondoka, nikabaki na maji. Nikayaonja, kwa mazoea. Halafu nikasema, kumbe hakuna anayeyangoja. Nikayanywa yote."

Miaka ya Waitaliano hakuisema, na mimi sikugusa. Akaruka mpaka jeshi la Waingereza lilipoingia mjini, na Babu Hashi ndani yake, askari Msomali kutoka Isiolo, aliyebisha mlangoni akiomba maji. Ayeeyo akamimina kiganjani, akanywa, akampa. Babu akamwuliza, "Nani ataka kuniua mimi, askari wa viatu vibovu?" Akamjibu, "Hakuna. Lakini sasa unaye wa kukuonjea." Eedo, aliposema hivyo masikio yake yalipata moto mikononi mwangu.

Berbera ilikuwa akili ya Babu. Hakutaka wanawake wa ukoo wamwite mtumwa. Na Batula, jina lake tunalolijua sote, alijichagulia mwenyewe, njiani, ndani ya lori la jeshi.

Mwishoni akaniinamisha, akaniambia sikioni jina lile la kwanza, la kabla ya mwanamke mnene. Nimeapa. Silitii katika karatasi. Hayo mengine alisema nikuandikie, "kwa sababu Habibo ni mwanangu, si kwa sababu ni mwalimu." Sikumuuliza kama maana yake ni ndiyo au hapana kwa kitabu. Niliogopa atasema hapana. Hilo nakiri.

Leo asubuhi ameonja chai. Baba amekunywa vikombe mpaka Mama akaficha birika.

Naitia posta sasa hivi kabla sijaghairi.

Asho


Isiolo
16 Novemba 1989

Eedo,

Salaam. Hakuna habari za nyumbani, habari ni hii.

Redio imetangaza kwamba Wasomali wote wa Kenya wajiandikishe upya. Wanaita skrining. Utasimama mbele ya meza useme ulizaliwa wapi, baba yako nani, mama yako nani, na mzee wa ukoo athibitishe kwamba anakujua. Ukipita unapewa kadi ya pinki. Usipopita, wanasema utavushwa mpaka. Mzee wetu ni Robow, yule wa msikitini. Ayeeyo akiwa wa Berbera, ukoo unamjua na mzee atasema. Akiwa wa kasri la Uhabeshi, ni mzee gani atasimama aseme huyu ni wetu? Atavushwa na goti lake, aende kwa nani? Waliomjua huko walipanda gari moshi.

Na mimi nimeyaandika yote kwa mkono wangu nikayapiga stempu!

Nilikimbia posta kuomba nirudishiwe barua. Dirishani yuko bwana Rimberia, Mmeru mwenye miwani. Nilipofika mbele yake, mbuzi wote wakakimbia. Nikasema, "Stempu." Nikalipa, nikarudi nyuma ya foleni, nikafika tena: "Stempu." Nina stempu za kunitosha mpaka niolewe. Mwishowe Kinanu na kichwa chake cha yai akasukuma watu akasema, "Huyu anataka barua yake!" Rimberia akanitazama juu ya miwani. "Binti, barua ikishapigwa muhuri ni mali ya anayeandikiwa. Hata DC harudishiwi. Na hata hivyo ilishaondoka na basi la Nairobi."

Eedo, ukiipata, usiitie kitabuni. Hata kama imeshafika. Nakuomba kama sijawahi kukuomba kitu, na kweli sijawahi. Na kama kwa ajili hiyo nafasi ya kuja kusoma huko itapotea, ipotee.

Ayeeyo haelewi kwa nini sikai. Anasema, "Una siafu?"

A.


London
24 Novemba 1989

Asho, Asho, Eedo yangu!

Sijui nianze wapi, salamu zitafuata. Barua yako ya tarehe tano imefika. Nimeisoma mpaka mikunjo imekatika. Ile chupa ya maji! Nimefanya kazi hii miaka mingi na sijawahi kupata chupa ile ya maji. Nimepiga taipu jana kutwa, na leo asubuhi nimeikabidhi kwa mhariri. Amesema hajaona kitu kama hicho. Nimemwekea jina lake juu kabisa: Batula wa Isiolo. Si "msichana mmoja". Batula!

Hilo jina la kwanza ulitunze. Lakini fikiria kama siku moja utanipa.

Nakimbia, nina darasa. Mbusu mama yangu kichwani, pale penye mafuta.

Habibo


London
8 Desemba 1989

Asho,

Barua yako ya tarehe kumi na sita imenifikia siku nne zilizopita. Waaleikum salaam. Habari ya skrining niliisikia redioni, na bado sikuiunganisha na mama yangu kusimama mbele ya meza hiyo. Wewe uliiunganisha.

Nilikwenda kwa mhariri siku ile ile. Alisema kurasa zimeshapangwa. Tukabishana. Aliniambia, "Si ni wewe uliyekuwa ukitugombeza kwamba majina yawekwe?" Na kweli ni mimi. Alinipa saa za mchana nirekebishe.

Nimetoa Isiolo. Nimetoa Babu Hashi, nimetoa kiganja chetu, nimetoa Batula. Imebaki chupa ya maji na stesheni. Na juu yake, kwa mkono wangu huu, nimeandika "msichana mmoja". Nimewachukia watu walioandika hivyo. Kumbe pengine mmoja wao naye alikuwa na mama.

Sasa naogopa kama wewe. Niandikie mara tu ikiisha. Na usiache kuota kuja huku, nafasi yako haikuwa bei ya kitu chochote. Kama nilisema vile ikasikika hivyo, nisamehe.

Eedo yako


Isiolo
27 Desemba 1989

Kwa Eedo Habibo,

Assalaam aleikum warahmatullahi. Mama mzima, Baba mzima, lori zima. Ayeeyo mzima, utaona.

Tuliitwa Jumatano. Uwanjani waliweka meza chini ya turubai. Alikaa afande, kando yake mzee Robow wa kuthibitisha, na wa kuandika majina, hutaamini, bwana Rimberia wa posta, wamemwazima. Foleni ilizunguka uwanja. Watu walikuja na watoto, na chupa za chai, na vyeti vya marehemu walioenda vitani na Mwingereza. Ayeeyo alivaa guntino yake ya Idd. Njia nzima nilikuwa nikimwombea asiulizwe sana.

Ikafika zamu yetu. Baba akasema yote kama ilivyo desturi: mama yangu, Batula, mke wa Hashi askari, wa Berbera. Mzee Robow akaanza kuitikia, kikohozi kikamshika. Akakohoa mpaka machozi. Na kikombe chake kilikuwa kitupu.

Eedo, nililiona kabla halijatokea, nikashindwa kupiga hatua. Ayeeyo alichukua chupa yetu ya chai, akamimina kiganjani, cha kushoto, akanywa, ndipo akajaza kikombe na kumpa mzee. Mbele ya meza. Hakufikiri. Mtu alikuwa na kiu.

Afande akaweka kalamu. "Ngoja. Hiyo nimeiona. Nilifanya kazi Moyale miaka mingi, wazee wa upande wa pili wa mpaka ndivyo wanavyofanya. Mama, hiyo ni desturi ya wapi?"

Baba alitazama viatu vyake. Mzee Robow alishika kikombe, hanywi, haweki. Ayeeyo alisimama na kiganja wazi, kimelowa. Uso wake sijui nikuelezeeje. Ulikuwa wa mtu aliye stesheni.

Sijui nilifikaje mezani. Nilichukua chupa, nikamimina kiganjani mwangu, nikamimina nyingi mno, ikaniunguza, nikainywa yote.

"Ni ya nyumba yetu," nikasema.

Sauti ilitoka kubwa mpaka watu wa mwisho wa foleni wakageuka.

"Wewe nani?"

"Asho Guleid. Ni desturi ya kwetu, Bula Pesa. Hata shuleni wamenicheka kwa ajili yake, hata madrasa wamenichapa. Kaulize."

Bwana Rimberia akavua miwani. "Afande, huyu msichana namjua. Anakuja dirishani kwangu siku nzima hawezi kumaliza sentensi moja. Mimi nilidhani anapenda stempu tu. Akisema neno mbele za watu, mimi naandika."

Watu wakacheka. Ndipo Baba akaja. Hakunitazama. Aliitoa chupa mkononi mwangu, akamimina kiganjani mwake cha kushoto, hicho hicho cha kushika usukani, akanywa, akafuta masharubu. Mama naye, huku amejifunika uso. Chai ikaisha.

Mzee Robow akaona hatuna tena cha kumimina. Akanywa kikombe chake chote, polepole, akakiweka mezani kifudifudi. "Chai ya Batula nakunywa tangu Hashi akiwa hai," akasema, "na sijawahi kuumwa tumbo. Mnataka nithibitishe nini kingine? Huyu ni wetu. Andika."

Afande alitutazama mmoja mmoja. Halafu akatazama ile foleni. Akasema, "Andika. Anayefuata."

Kadi imeandikwa Batula. Anaiweka ndani ya kifua cha nguo, na akikaa inalia kwa mkunjo.

Tuliporudi, karibu na mlango, Baba akasema, "Umeungua?" Nikasema ndiyo. Akasema, "Paka samli." Halafu akasimama pale na ufunguo mkononi. "Huyo dada yangu," akasema, "huko London hawajengi barabara ya kurudi?" Akaingia. Sasa nimejibu lile uliloniambia nisijibu.

Barua yako ya tarehe nane nilimsomea Ayeeyo, nikimfasiria. Nilipofika kwenye "msichana mmoja" nilitaka kuruka, akanishika mkono nisome. Akasema, "Amefanya vizuri. Yule aliyebaki stesheni alikuwa msichana mmoja. Hakuna aliyemjua. Huyu wa Isiolo ana jina na ana kadi." Na lile jina lingine amesema sasa naweza kukupa, lakini kwa sikio, kama nilivyopewa. Karatasi haina sikio. Kwa hivyo itabidi uje.

Kiganja changu kimetoka malengelenge. Ayeeyo alikitazama karibu, akakiweka kando ya chake, ambacho siku hizi hakisikii moto kabisa.

"La kwanza ndilo linaloumiza," akasema. "Mwambie Habibo aje. Chai yake nitaionja mimi."

Mpwa wako,
Asho